Mahari ya Maji

Katika mtaa wetu wa Katwe, Kampala, mtu akitaka kuzungumza Kiswahili na shangazi yangu Kulthum hujiandaa kwanza, kama anayekwenda kumwona mkuu wa shule. Hukohoa, hutafuta neno. Wengine huona heri wazungumze Kiganda tu, na shangazi huwajibu kwa Kiganda kizuri, ila usoni anakuwa kama mtu aliyenyimwa kitu chake.

Yeye ni mjukuu wa watu wa pwani waliofika Buganda na misafara ya biashara wasirudi tena kwao. Pwani yenyewe hajawahi kuiona. Kilichomfikia kutoka huko ni udi wa Ijumaa, namna ya kupika wali, na lugha. Na lugha hiyo hapa kwetu ina jina baya, maana watu wengi waliisikia kwanza kwa askari, na wengine kwa wezi. Kwa hiyo shangazi amekilinda Kiswahili chake kama mtu anayelinda kanzu nyeupe wakati wa tope. Akisikia mtu amesema "kurara" badala ya "kulala", hasubiri amalize.

"Ulimi juu," humwambia. "Ugonge juu. La, la, la."

Aliwahi kumsahihisha askari wa polisi kutoka Naguru, aliyekuja kuulizia pikipiki iliyoibwa, mpaka yule bwana akaondoka bila kuuliza.

Wanawake wa mtaani humwita Mwalimu. Kila Jumamosi na Jumapili alifundisha madrasa ya wasichana katika uwanja wa nyuma ya nyumba, Kurani asubuhi na mwenendo mwema baada ya adhuhuri. Nilipomwomba ruhusa ya kuandika habari hii alikoroga chai yake mpaka ikapoa. Kisha akasema, "Andika. Lakini usinisafishe."

Basi nianze na huo uwanja.

Nyumba ya shangazi iko sehemu ya chini ya Katwe, mahali ambapo nyundo za mafundi chuma huanza kulia kabla ya chai na maji ya barabara nzima hushuka mvua ikinyesha. Zamani, nyuma ya nyumba palikuwa na kinamasi kidogo. Palikuwa na mafunjo, vyura, na magimbi yenye majani makubwa kama masikio ya tembo. Hakuna aliyepapenda. Watu walisema ni pa mbu na nyoka. Lakini maji yalipotelemka kwa fujo kutoka juu yalifika pale yakatulia, yakalala siku kadhaa, yakapungua taratibu bila mtu kuyafukuza, na magimbi yakanenepa.

Mume wa shangazi, marehemu Mahmoud, alikuwa mtu mwema mwenye duka la nguo za misikitini. Alitaka mkewe apate mahali pa kufundishia. Alinunua kifusi, akakifukia kinamasi chote, akajenga ukuta wa matofali kukizunguka na kupaka chokaa. Mvua zilizofuata, maji yalishuka kama kawaida yakitafuta pa kulala, yakaugonga ukuta, yakageuka kushoto, yakaingia kwa jirani yao Fatumah.

"Watainua kizingiti," alisema Mahmoud alipoyaona.

Shangazi alikuwa akimimina chai. Anakumbuka vizuri alivyojibu. Alisema, "Ndiyo, wainue tu."

Na kweli waliinua. Ukipita mtaani kwetu utaona kwamba kila mlango una ngazi za kupanda, halafu ukiingia unashuka tena ndani kama unayeingia kisimani. Kila baada ya mafuriko mwenye uwezo anaongeza matofali mlangoni. Vitanda vimesimama juu ya matofali. Magunia ya sukari yanatundikwa kwenye mapaa kama popo. Wageni wakija husifu, husema watu wa Katwe hawashindwi na kitu, wamejifunza kuishi na maji. Ni kweli, tumejifunza. Lakini maji hayakupungua hata tone. Kila aliyeinua kizingiti chake aliyasukuma kwa mwenzake, na mwenzake akayasukuma mbele, na mwisho wa mstari huo alikuwa Fatumah, kwa sababu baada yake hakuna mtu, kuna ukuta wa Mahmoud tu.

Fatumah ni Mganda, mjane, muuzaji wa kabalagala, vile vitumbua vya ndizi na muhogo. Yeye hakuwa na mtu wa kumsukumia, kwa hiyo aliinua sakafu yenyewe. Akaiinua tena. Akaendelea kuiinua mpaka bati la paa likamfikia kichwani, na sasa ndani ya nyumba yake mwenyewe anatembea ameinama. Mazoea yamemshika hata nje. Ukimwona katika soko la Owino akichagua ndizi, chini ya mbingu nzima, ameinamisha shingo kidogo kama anayeogopa boriti.

Ana binti mmoja, Jamilah, aliyesoma madrasa kwa shangazi tangu mdogo. Unyevu wa ile nyumba umemwingia Jamilah kifuani. Mvua ikikaribia huanza kukohoa kabla ya mawingu.

Mwaka huu, masika yalipokaribia, wanawake wa upande wa chini walikaa wakashauriana. Waliona kwamba vizingiti vimefika mwisho. Njia iliyobaki ni kumwomba Mwalimu atoboe ukuta chini kabisa, na kufukua sehemu ya uwanja, ili maji yapate tena mahali pake pa zamani. Zaid, mtoto wa pekee wa shangazi, anayeuza viatu vya mitumba Owino, alipita huko akamkuta Jamilah amekaa juu ya godoro lililolowa, hawezi kuvuta pumzi sawasawa. Akasema yeye anakubali kabisa, ila uwanja ni wa mama, waende wakamwombe mama. Wakamchagua Fatumah kwa kuwa ndiye jirani.

Alikuja Jumamosi alasiri, saa ambayo akina mama huja kuchukua mabinti zao. Bahati mbaya sana, maana baraza lilikuwa limejaa. Acayo, Mwacholi anayeshona kwenye baraza letu, alikuwa kwenye cherehani yake akipiga soga kama kawaida. Mimi nilikuwa mlangoni na birika. Jamilah alisimama getini nyuma ya mama yake, ameshika kamba ya kupimia mahali mfereji utakapopita.

"Hodi, Mama Zaid."

"Karibu, Fatumah. Karibu uketi."

"Siketi, nyabo," alisema, kwa neno la Kiganda la kumheshimu mwanamke. "Iko na neno moja. Neno ya ndani kidogo."

"Sema tu. Hapa wote ni watu wa nyumbani."

Fatumah alitazama chini. Aliheshimu sana kile Kiswahili cha shangazi, ndiyo maana hakusema Kiganda siku ile. Alikuwa amejipanga kuomba jambo kubwa kwa lugha ya mwenye nyumba.

"Zaid alikuja kwangu."

"Zaid? Kwako?"

"Eeh. Akaona hari ya Jamilah. Akaona, bambi, mpaka akanyamaza. Akasema yeye hana neno, anakubali. Lakini mwenye kusema ni wewe mama yake. Ndiyo nimekuja kuomba mahari."

Cherehani ya Acayo ilinyamaza.

"Kuomba nini?" aliuliza shangazi.

"Mahari. Kidogo tu. Siyo lazima huku mbere watu wakaona. Hata huko nyuma."

Waganda wengi wakisema Kiswahili, herufi ya ra na ya la kwao ni mtu na ndugu yake, moja huitwa ikaja nyingine. Shangazi anajua hilo kuliko mtu yeyote Kampala. Fatumah aliposema "hari", jasho, shangazi alisahihisha papo hapo moyoni, akasikia "hali". Aliposema "mbere" akasikia "mbele". Ila "mahari" aliliacha lilivyo. Baadaye aliniambia mwenyewe kwamba hapo ndipo aibu yake ilipo. Angeweza kulisahihisha kama mengine. Hakulisahihisha kwa sababu lilikuwa ndilo neno alilokuwa akiliogopa tangu alipomwona Zaid akimchagulia Jamilah viatu bila kupatana bei.

Kwa hiyo alichosikia ni hiki: mwanangu amekwenda kwa siri katika nyumba ya bondeni, binti ana hali yake, yaani mimba, na mama mtu amekuja mchana kweupe kudai mahari barazani pangu, mbele ya wazazi wa wanafunzi wangu.

Alisimama. Sauti yake haikupanda. Ilikuwa ile ya kufundishia, iliyo wazi, kila neno na mahali pake.

"Fatumah," alisema, "mimi sikumlea mwanangu ili akaoe kwenye tope. Nyumba ambayo hata wewe mwenyewe huwezi kusimama wima ndani yake, utamtoa humo mke wa kuja kukaa hapa? Na hiyo hali ya binti yako, itafutieni mwenyewe. Wanaume Katwe ni wengi."

Nilimwona Jamilah getini akiikunja ile kamba, polepole, kuizungusha kwenye vidole kama mtu anayekunja uzi wa kufumia.

Fatumah aliinua uso. Hakuelewa. Alikuwa akiyapanga maneno upya, unaona kabisa anayapanga.

"Maji, nyabo," alisema. "Mimi naomba mahari ya maji. Ya maji kupita."

"Pahali!" Acayo akapiga kelele, amejishika kichwa. "Mwalimu, kumbe anaomba pahali! Pahali ya maji! Wewe unaozesha nani?"

Mama mmoja akaangua kicheko. Mwingine akafuata, na kicheko kikapita barazani kote. Hata leo sijui walikuwa wakimcheka nani. Shangazi alikuwa amesimama katikati, na nilidhani, sote tulidhani, kwamba sasa atasema samahani. Neno lenyewe si refu. Lakini alikuwa hajawahi kukosea mbele ya watu, hakujua inafanywaje. Akashika kile alichokizoea.

"Basi sema mahali," alisema. "Ulimi juu."

Na Fatumah, kwa ile heshima yake, alijaribu. Alifungua mdomo, akaugonga ulimi juu kama alivyoambiwa, akasema, "Maha…" Sauti ikamkatikia hapo. Akageuka, akamshika binti yake mkono, wakaondoka. Akina mama wakawachukua mabinti zao upesi upesi bila kuaga vizuri. Acayo alirudi kwenye cherehani yake, akashona mshono ule ule mara mbili.

Zaid aliporudi kutoka Owino alikuwa ameshapewa habari njiani. Hakuvua hata viatu.

"Mama, umesema kweli maneno hayo?"

"Nilimsikia vibaya."

"Hukumsikia yeye. Ulijisikia wewe mwenyewe."

"Usinijibu hivyo. Kwani wewe unamtaka yule binti?"

Zaid alicheka, kicheko kisicho na furaha ndani yake. "Hata ningekuwa namtaka, Mama, sasa nipite mlango gani?"

Tangu hapo alikula nje. Shangazi alimwekea chakula, akakifunika, na asubuhi akakipasha na kukila yeye.

Ijumaa iliyofuata alipika pilau. Ana desturi ya kupeleka sahani kwa majirani, imefunikwa kwa kawa la ukindu. Kila mtu hapa anajua kwamba sahani ya jirani hairudi tupu. Unaweka hata ndimu, hata chumvi kidogo. Sahani ya Fatumah ndiyo aliyoijaza zaidi, na juu aliweka vipande vya nyama ambavyo ningesema ni vya Zaid. Nilipeleka mimi. Jioni Jamilah aliirudisha, akaiweka mlangoni bila kubisha hodi. Shangazi alifunua kawa. Sahani ilikuwa imeoshwa, imefutwa ikang'aa, na ndani hamkuwa na kitu.

Alikaa nayo mapajani muda mrefu. "Ni haki yake," alisema.

Hakuwasahihisha wasichana mwishoni mwa wiki ile. Msichana mmoja alisoma "tafadhari" badala ya "tafadhali", akasimama kungoja. Shangazi aliendelea kutazama kitabu.

Angeweza kuutoboa ukuta siku hizo. Nilimuuliza baadaye kwa nini hakufanya. Alisema aliogopa kwamba akiutoboa, watu watajua ameona kosa lake. Kama vile walikuwa hawajui! Pia ule ukuta ulikuwa kazi ya mikono ya Mahmoud, na alipokuwa hai yeye hakuwahi kumwambia neno juu yake. Kuubomoa ilikuwa ni kumwambia sasa, wakati hawezi kujibu.

Mvua ilikuja mchana, baada ya joto la siku nyingi. Ilianza juu kwenye mabati ya mafundi kama mchele unaomwagwa, halafu sauti zote za mtaa zikapotea ndani yake. Maji ya barabara yalishuka ya rangi ya chai ya maziwa, yakibeba chupa na kandambili, yakapita mbele ya vizingiti vyetu, mlango kwa mlango, hakuna aliyeyapokea. Yakafika ukutani. Yakageuka kushoto.

Sisi tulikuwa tumesimama juu ya ngazi zetu, miguu imekauka. Shangazi alitazama miguu yake kana kwamba ni ya mtu mwingine. Kisha akafunga kanga kiunoni akashuka majini, na mimi nyuma yake.

Mbele ya nyumba ya Fatumah wanawake walikuwa wameshapanga mstari wa kutoa vitu, kutoka mlangoni hadi kwenye mwinuko wa karakana ya Okwera, fundi wa mageti. Sufuria zilipita mkono kwa mkono, jiko la mkaa, gunia la unga, begi la nguo. Shangazi aliingia kwenye mstari, kati ya mama mmoja na mwingine, akanyoosha mikono. Yule wa kushoto alikuwa na beseni. Alimtazama shangazi. Akanyoosha mikono yake mbali zaidi, mbele ya kifua cha shangazi, akampa beseni yule wa kulia. Kisha godoro likapita hivyo hivyo. Hakuna aliyesema neno baya. Walimpita tu, kila kitu kikampita, naye amesimama na mikono imenyooshwa, maji yamefika magotini.

Alikaa hapo mpaka vitu vikaisha. Sikuweza kumtazama usoni.

Mvua ilipokatika hakwenda nyumbani. Alikwenda kwa Okwera, nguo zinamchuruzika.

"Fundi, una sululu?"

"Ninayo, Mwalimu. Ya kufanyia nini?"

"Njoo nayo. Tuutoboe ukuta wa marehemu."

Okwera alimtazama kwa makini. "Mwalimu, ngoja ukauke kwanza. Mtu hatoi uamuzi akiwa amelowa."

"Nikikauka sitautoa," alisema shangazi.

Walianza asubuhi yake. Zaid alikuja bila kuitwa, akavua shati. Walitoboa chini, upande wa Fatumah, tundu pana kama mlango wa banda la mbuzi, na Okwera akaahidi wavu wa chuma wa kuzuia takataka. Kisha wakaanza kufukua kifusi. Kwenye nyufa za ukuta, kwa ndani, kulikuwa na magimbi machache ambayo shangazi alikuwa akiyakata kwa panga kila yalipochipua, kwa kuwa yaliharibu mandhari ya madrasa. Walipofukua waliona mizizi yake imejipenyeza chini ya matofali yaliyovunjika, imejikunja, ikatafuta unyevu mbali. Miaka yote ile ilikuwa hai. Shangazi alichuchumaa akaishika.

"Nami nilikuwa nikiikata," alisema, "halafu naingia darasani kufundisha haki ya jirani. Hapa hapa. Nimesimama juu yake."

Hapo ndipo Zaid alipotulia na sululu mkononi akasema lililomtia mama yake baridi.

"Mama, tundu peke yake halitoshi. Mfereji lazima upite mbele ya mlango wa Mama Jamilah. Kuna ile saruji aliyojengea kujikinga. Lazima ikatwe. Na ni yake."

"Mwambie basi."

"Mimi? Mimi simwambii kitu. Kaombe wewe."

Ukitaka kujua shangazi yangu ni mtu wa namna gani, usimtazame siku ile barazani peke yake, mtazame pia alivyokwenda. Alioga. Alivaa buibui lake la kila siku, si lile zuri. Hakuchukua sahani wala zawadi. Alinitaka nimfuate, kwa sababu alisema akiwa peke yake atarudi njiani. Alitembea akinong'ona, nikadhani anasoma dua. Nilipomkaribia nikasikia. Alikuwa akisema, "Mahali. Mahali. Naomba mahali."

Fatumah alikuwa ndani akichota tope kwa sahani ya bati. Mlango ulikuwa wazi.

"Hodi," alisema shangazi.

Kwa Kiganda, Fatumah alisema tuingie. Na shangazi alipoinua mguu kuvuka kizingiti, Fatumah akasema, "Inama. Hapa kila mtu anainama."

Shangazi alikuwa hajawahi kuingia katika nyumba ile, jirani wa ukuta mmoja. Aliinama, lakini hakuinama vya kutosha, akajigonga kwenye boriti. Ukutani maji yalikuwa yameacha mistari yao, mmoja juu ya mwingine, ya miaka na miaka. Jamilah alikuwa ameketi kitandani, juu ya matofali, akikohoa kwenye mtandio.

"Nimekuja kuomba," alisema shangazi.

"Kuomba nini?" Fatumah aliuliza. Sasa alisema Kiswahili. Aliuliza kama alivyoulizwa yeye, bila kuongeza wala kupunguza.

Shangazi alikuwa amejipanga. Alikuwa na sentensi nzima, yenye samahani mwanzoni na tena mwishoni. Alifungua mdomo, shingo imepinda chini ya bati, na ulimi uliowasahihisha watu wa Katwe maisha yake yote ukaanguka.

"Mahari," alisema.

Alijisikia. Sote tulimsikia. Jamilah aligeukia ukutani na mabega yake yakaanza kutikisika, na sikuweza kujua ni kikohozi, ni kicheko au ni kilio. Shangazi alifunika uso kwa viganja. Ndipo zile samahani zote zikatoka, hazikuwa na mpangilio, nusu Kiswahili na nusu Kiganda, na machozi yakipita kati ya vidole. Alisema juu ya mstari wa beseni. Alisema juu ya chai aliyokuwa akimimina wakati ule na "wainue tu". Alisema juu ya tope, akalirudia neno lile lile alilolisema, ili Fatumah asidhani amelisahau.

Fatumah alimwacha amalize. Hakumgusa. Alikuwa bado ameshika sahani ya tope.

"Ulimi juu, Mwalimu," alisema mwishowe.

Akaweka sahani chini. "Saruji mkate. Mfereji upite. Jamilah atawaonyesha wapi, kamba iko naye." Kisha alipoona shangazi anataka kumshika mkono, akaurudisha wake nyuma. "Maji nimeyakubalia. Mimi na wewe bado."

"Nimesikia," alisema shangazi.

"Inama ukitoka."

Masika hayakuwa yamekwisha. Mvua kubwa ilirudi mfereji ukiwa haujapata hata wavu wake. Maji yalishuka, yakapita mbele ya mlango wa Fatumah bila kupanda, yakaingia kwenye tundu, yakatanda katika uwanja ambapo madawati ya wasichana yalikuwa yamepangwa. Yakalala. Siku zilizofuata yalipungua taratibu, yakaacha tope jeusi, na kabla tope halijakauka majani yalianza kutokeza. Vyura pia wamerudi, wanapiga kelele mno.

Madrasa iko barazani sasa, imebanana na cherehani. Acayo hulalamika kwamba atasilimu bila kupenda. "Nimeshajua sura nzima," husema, "na sijakata hata suruali moja tangu asubuhi." Wazazi wengine waliwaondoa mabinti zao. Shangazi hakuwauliza sababu. Waliobaki wakikosea neno, huwaacha wamalize sentensi kwanza, na mara nyingi baada ya hapo anakuwa hana la kusema.

Zaid anakula nyumbani. Bado simwelewi vizuri juu ya Jamilah, na mtaani hakuna anayethubutu kulitaja neno mahari mbele ya shangazi, liwe kwa ra au kwa la.

Kila Ijumaa shangazi alipeleka sahani kwa Fatumah. Kila Ijumaa ilirudi imeoshwa, imefutwa, tupu. Aliipokea kwa mikono miwili akaipeleka jikoni. Wiki chache zilizopita Jamilah aliileta, akaiweka mlangoni kama kawaida, akaondoka. Shangazi alifunua kawa. Ndani kulikuwa na gimbi moja, bichi, lenye udongo na chipukizi lake jekundu. Lilikuwa la kupanda, si la kula.

Alikunja nguo magotini, akashuka uwanjani peke yake, akaenda nalo mpaka kwenye lile tundu la ukuta. Akachimba kwa mikono. Alilipanda kwenye tope, ameinama, na alipomaliza hakuinuka haraka.